Fundi Huyu Umempata Wapi?

Kazi ya fundi bomba ikishakamilika hufukiwa. Kiti kibovu hujulikana siku ya kwanza, lakini kiungio kilichofungwa vibaya ndani ya ukuta hukaa kimya miezi kadhaa, mpaka rangi ianze kuvimba na plasta imeguke. Hapo fundi ameshalipwa na ameshaondoka. Ndiyo maana anayejenga Nyakalengija, Kasese au Bwera, magharibi mwa Uganda, haridhiki na bango lenye namba ya simu. Humwendea jirani ambaye koki zake hazivuji, akamuuliza fundi wake amempata wapi.

Mlimani, swali hilo lina uzito zaidi. Nyakalengija, penye lango la Hifadhi ya Taifa ya Milima Rwenzori, iko kwenye mwinuko wa mita 1,600 hivi, na mji wa Kasese uko chini yake kwa zaidi ya mita 600. Vijiji vingi vya huku hutumia maji ya mserereko: chanzo hukingwa juu, maji yakashuka yenyewe bila pampu. Hiyo ni neema, ila ina masharti yake. Maji yakishuka ndani ya bomba lililojaa, presha huongezeka kwa kila mita. Bomba lililotengenezwa kuhimili kimo cha maji cha mita 100, likiteremshwa mita 200 bila tangi la kupunguza presha katikati, hupasuka, na mara nyingi hupasuka usiku, wakati koki zote zimefungwa. Fundi aliyezoea nyumba za tambarare anaweza kuwa hodari wa kweli huko kwao na bado akaja kuharibu huku.

Mjini kuna hasara ya namna nyingine. Shirika la maji la taifa, NWSC, linasimamia laini mpaka kwenye mita. Kuanzia hapo kwenda ndani ni mali ya mteja, na kila tone linalovuja baada ya mita huingia kwenye bili yake. Kuna kipimo rahisi ambacho kila mwenye nyumba anapaswa kukijua: funga koki zote, hakikisha hakuna tangi linalojaa, kisha tazama kile kigurudumu kidogo kwenye uso wa mita. Kikiendelea kuzunguka, kuna mahali maji yanapopotea. Fundi mwema humwonyesha mteja kipimo hiki kabla ya kupokea hela yake ya mwisho, na mteja aliyeonyeshwa hivyo huenda kusimulia.

Je, masimulizi hayo yanaweza kupangwa yawe utaratibu wa biashara? Yanaweza, na kampuni kubwa duniani zimefanya hivyo kwa miaka mingi: mteja anayeleta mteja mwingine hupewa zawadi. Mwaka 2011 watafiti Philipp Schmitt, Bernd Skiera na Christophe Van den Bulte walichapisha matokeo ya kuwafuatilia wateja wapatao 10,000 wa benki moja ya Ujerumani kwa karibu miaka mitatu. Benki hiyo ilimlipa yuro 25 kila aliyemleta mteja mpya. Wateja walioletwa na wenzao walikuwa na thamani zaidi kwa benki, angalau kwa asilimia 16, kuliko waliokuja kwa njia nyingine, na hawakuwa wepesi wa kuhama.

Fundi wa Bwera anaweza kusoma habari hiyo akaanza kugawa elfu tano tano kwa kila anayemletea kazi. Asikimbilie huko. Benki ikimkosea mteja, hakuna atakayemlaumu jirani. Fundi bomba akimharibia mtu choo, aliyempendekeza atakutana na macho ya aliyeharibiwa kanisani, msikitini, kisimani na msibani. Na ikijulikana kwamba alilipwa ili ampendekeze, ushauri wake wa kirafiki utageuka udalali. Ni hatari hiyo inayowafanya watu wengi waaminifu kukaa kimya hata pale wanapomfahamu fundi mzuri.

Mwaka 2007 Gangseog Ryu na Lawrence Feick walichunguza jambo hili hili: zawadi apewe nani? Waligundua kwamba kwa watu wasiofahamiana sana, inafaa anayependekeza apate kitu, kwa sababu bila hicho hana sababu ya kujisumbua. Kwa marafiki na ndugu mambo ni tofauti. Hapo hufaa zaidi anayeletwa naye apate chochote.

Matokeo hayo yanaufaa ukanda huu vizuri sana, kwa sababu una masoko mawili tofauti. Kule Nyakalengija na vijiji vya bonde la Mubuku, watu ni wa ukoo, wa parokia, wa kikundi kimoja cha kuweka akiba. Fundi wa huko amwambie mteja wake: "Ukiniletea dada yako, nitamkagulia mabomba yote bila malipo kabla sijaanza kazi yake." Dada anafaidika, na mteja anaonekana amemletea ndugu yake heri. Hakuna aliyeuza mtu.

Bwera ni habari nyingine. Pale ni jirani na mpaka wa Mpondwe, na soko la Lhubiriha huwakutanisha wafanyabiashara wa Uganda na wale wanaovuka kutoka Kasindi, upande wa Kongo. Wengi hufahamiana kwa sura na kwa bidhaa tu. Mwenye duka la saruji, dereva wa lori au mwendesha boda boda anasikia kila siku nani anajenga wapi, lakini hana deni la undugu kwa yeyote kati yao. Huyo apewe ahsante ya wazi, kiasi kinachojulikana, na alipwe baada ya kazi kukamilika na maji kutoka. Akilipwa mapema, ataleta yeyote.

Kuna desturi moja inayopaswa kutazamwa kwa makini. Katika miji mingi ya Afrika Mashariki, duka la vifaa vya ujenzi humpa fundi kamisheni kwa kila mteja anayempeleka kununua. Kamisheni hiyo ikiwa siri, fundi huvutwa kupendekeza bomba lenye faida kubwa kwa duka, hata kama ukuta wake ni mwembamba na halifai kwa presha ya mlimani. Mteja ana haki ya kuuliza, na fundi mwenye akili hutangulia kusema: duka hili hunipa kitu kidogo, lakini bomba ninalokuandikia ni hili, nenda ukalinganishe bei popote.

Nairobi, ambako jirani wa ghorofa ya tatu hamjui wa ghorofa ya nne, kampuni ya Lynk ilianzishwa mwaka 2015 kuwaunganisha mafundi na wateja kwa simu. Kasese bado haijawa mji wa namna hiyo, na daftari linatosha: jina la mteja, aliyemleta, tarehe, bomba la aina gani limepita wapi, na siku ya kurudi kukagua. Ziara hiyo ya kurudi, bila kuitwa, huleta wateja wengi kuliko zawadi yoyote.

Anayebaki nje ya mtandao huu ni kijana anayeanza, au msichana aliyejifunza ufundi bomba na ambaye hakuna aliyewahi kumwona akifanya kazi. Hao hawana wa kuwasemea. Uganda ina utaratibu wa kuwapima kwa vitendo hata waliojifunzia kazini na kuwapa cheti kiitwacho Worker's PAS. Cheti hicho hakimpi mtu mteja wa pili, lakini kinaweza kumfungulia mlango wa kwanza, hasa fundi mzee akikubali kwenda naye, asimame pembeni na kumwambia mwenye nyumba: huyu nimemwona akifunga, na kiungio kikivuja nitakuja kukifunga mimi.