Wangila: Bingwa Aliyelalamika Aliposimamishwa

Dada yangu alinipigia simu kutoka Mombasa baada ya sala ya isha, na hakutaka hata kunijulia hali. "Kaka, mwanao ataka kupigana kwa pesa," alisema. "Yuko kwako huko bara. Neno lako ndilo nitakalolifuata."

Mwana mwenyewe ni mpwa wangu, kijana wa miaka 19. Naishi naye hapa Kiuu, wadi ya Ruiru ambayo wengi huijua kwa jina la Githurai 45, jina lililotokana na nambari ya basi. Mchana hubeba magunia ya viazi na vitunguu sokoni. Jioni hufunga vitambaa mikononi na kwenda kwenye mazoezi ya ndondi. Sasa ameahidiwa pigano la raundi nne, la malipo, na kwa mbeba magunia fedha za usiku mmoja si jambo la kudharau.

Nilipomwuliza ni nani aliyemtia hamu hiyo, hakumtaja Mmarekani wala Mwingereza. Alijibu, "Wangila, mjomba." Nikastaajabu, kwani Wangila alifariki kabla kijana huyu hajazaliwa. Basi nikamketisha nikamsimulia habari za mtu huyo tangu mwanzo hadi mwisho. Leo nakusimulia nawe, ndugu msomaji, kwa sababu watu hupenda kusema nusu ya kwanza tu.

DHAHABU YA SEOUL

Robert Napunyi Wangila alizaliwa Nairobi mwezi wa Septemba 1967. Mwaka uliofuata, Philip Waruinge alirudi kutoka Olimpiki za Mexico na medali ya shaba, pamoja na Kombe la Val Barker, tuzo ya bondia mwenye ufundi kuliko wote katika michezo hiyo. Mwaka 1972 Waruinge huyo huyo akapata fedha mjini Munich. Mwaka 1978 Stephen Muchoki akawa bingwa wa dunia wa ridhaa mjini Belgrade. Naam, Kenya ilikuwa nchi ya ndondi, lakini ilisusia Olimpiki za 1976 na 1980, na mabondia wake wakabaki nyumbani. Iliporudi mwaka 1984 huko Los Angeles, Ibrahim Bilali alipata shaba. Dhahabu ilikuwa bado.

Dhahabu hiyo ililetwa na Wangila. Mwanzoni mwa Oktoba 1988, mjini Seoul, alipanda ulingoni katika fainali ya uzani wa welta, kilo 67, dhidi ya Laurent Boudouani wa Ufaransa. Boudouani hakuwa mtu wa kubahatisha, maana baadaye yeye naye alikuja kuwa bingwa wa dunia wa ndondi za kulipwa. Hata hivyo raundi ya pili haikwisha kabla Mfaransa hajaanguka. Wangila akawa Mwafrika mweusi wa kwanza kutwaa dhahabu ya ndondi katika Olimpiki. Katika michezo hiyo hiyo Chris Sande naye alipata shaba. Tangu siku ile hadi Olimpiki za Paris za 2024, kila dhahabu nyingine ya Kenya imetokana na riadha. Ya Wangila imebaki peke yake.

Hapa mpwa wangu alikuwa akitabasamu. Hii ndiyo nusu aliyokuwa anaijua.

NJIA YA LAS VEGAS

Baada ya Seoul, Wangila aliacha ndondi za ridhaa akaenda Marekani kupigania malipo. Msomaji asidhani ni mchezo ule ule wenye fedha zaidi. Katika Olimpiki za wakati ule bondia alipigana raundi tatu, kichwani amevaa kofia ya kinga. Katika ndondi za kulipwa kofia hakuna, na raundi hufika kumi au kumi na mbili. Zaidi ya hayo, mshahara wa bondia uko katika kuvumilia, na anayesema "yatosha" mapema haitwi tena.

Wangila alivumilia. Alipigana mara 27, akashinda 22, na 16 kati ya hizo alizimaliza kwa nakauti. Alishindwa mara tano. Mkanda wa dunia hakuupata.

Tarehe 22 Julai 1994, mjini Las Vegas, alikutana na David Gonzales. Walifika raundi ya tisa. Wangila alikuwa anapigwa bila kujibu, na mwamuzi Joe Cortez akaingia kati akalisimamisha pigano. Wangila alikuwa bado wima, na akalalamika. Aliona amenyang'anywa nafasi yake. Akatoka ulingoni kwa miguu yake, na katika chumba cha kubadilishia nguo akaanguka akapoteza fahamu. Alifanyiwa upasuaji wa ubongo, lakini hakuzinduka. Alifariki tarehe 24 Julai, kabla hajatimiza miaka 27.

Madaktari hueleza kwamba kichwa kikitikiswa kwa ngumi, mishipa midogo iliyo baina ya ubongo na fuvu huweza kukatika. Damu huvuja na kuukandamiza ubongo kidogo kidogo. Ndiyo maana mtu huweza kusimama, kusema, hata kugombana na mwamuzi, na kumbe ameshaumia. Maumivu ya mkono humwambia mtu auache mzigo, lakini ubongo unaovuja damu haumwambii mwenyewe kitu.

Mwili ulirudishwa Nairobi, na mazishi nayo yakagombaniwa. Waislamu walisema alikuwa amesilimu, na baadhi ya jamaa zake walitaka azikwe kwa dini aliyolelewa nayo. Sitaufufua ugomvi ule. Maiti hagombaniwi mara mbili. Nasi ombi letu kwa Mwenyezi Mungu ni amrehemu.

PICHA YA UKUTANI

Sitaki msomaji anione mtu wa kuhukumu tu. Nyumba niliyokulia ilikuwa na picha ya Muhammad Ali ukutani. Baba aliibandika baada ya pigano la Kinshasa la 1974, na hakuna aliyethubutu kuibandua. Tulimpenda kama ndugu yetu. Na Mtume wetu (S.A.W.) amekataza kumpiga mtu usoni, na mwaka 1987 Baraza la Fiqhi la Rabita, lililokutana Makka, lilitamka kuwa ndondi za namna hii ni haramu. Mwaka uliofuata tulimshangilia Wangila. Ali naye tulimwona mikono ikimtetemeka miaka mingi, tangu ugonjwa wake ulipotambuliwa mwaka 1984 hadi alipofariki 2016. Mapenzi yetu kwa mabingwa yalikuwa ya kweli, lakini gharama waliilipa wao.

Nilipomaliza, mpwa wangu alikaa kimya, kisha akasema, "Lakini mimi siogopi, mjomba."

"Wangila naye hakuogopa," nikamjibu. "Alikuwa bingwa wa Olimpiki, na mwamuzi alimsimamisha. Wewe huko uendako nani atakusimamisha?"

Alifikiri. Akasema yuko mwalimu wake. Nikamwuliza mwalimu analipwa na nani. Akasema, na yule mwandaaji wa pigano. Nikamwuliza daktari atakuwapo? Akasema atauliza.

Huyo "atauliza" ndiye aliyeniamulia. Nilimpigia simu dada yangu nikamwambia neno langu: mazoezi na aendelee nayo, mbio na kamba na gunia la kupiga, kwani mwili wenye nguvu ni neema. Pigano la pesa, hapana. Dada alinyamaza, kisha nikamsikia akivuta pumzi. Kijana hakunisemesha siku mbili.

Siku ya tatu, baada ya alfajiri, nilimsikia akifungua mlango kwenda mbio. Alikuwa bado amenuna. Nikatoka kibarazani nikamtazama hadi akapotea, kisha nikakaa pale pale kumngoja arudi.