Je, Wajua? Marlow, baharia wa vitabu vinne

Marlow, msimulizi wa Heart of Darkness (1899), si mhusika wa kitabu kimoja. Joseph Conrad alimtambulisha katika hadithi fupi Youth (1898), akamrudisha katika Lord Jim (1900) na tena katika Chance (1913).

Safari ya Marlow ya kupanda mto katika Heart of Darkness ilitokana na ya Conrad mwenyewe, aliyefika Stanley Falls, Kisangani ya leo, Septemba 1890 kwa meli ya mvuke Roi des Belges. Riwaya haiutaji mto Kongo kwa jina. La kusikitisha zaidi, Wakongo waliomo hawana majina wala maisha yao wenyewe, kasoro aliyoikemea vikali mwandishi Mnigeria Chinua Achebe mwaka 1975.

Nahodha Tom Lingard, mhusika mwingine wa Conrad, naye ana riwaya tatu, zinazosonga kinyumenyume: Almayer's Folly (1895), An Outcast of the Islands (1896) na The Rescue (1920). Kila inayofuata husimulia miaka ya nyuma zaidi, hivyo kitabu cha mwisho ndicho chenye Lingard kijana kuliko vyote. Kabla ya Conrad, Balzac wa Ufaransa alikwisha kuitumia mbinu ya kuwarudisha wahusika kutoka kitabu hadi kitabu kwa mapana tangu Le Père Goriot (1835).