Askari Aliyeonyesha Vita Jukwaani

Nani asiyepata kukaa na mtu aliyerudi vitani? Ukimwuliza habari za mapigano hunyamaza. Kisha huanza kukueleza habari za matope, na panya, na chakula kisicho na chumvi. Kwa hiyo twapenda kuwapasha habari za Bwana Robert Cedric Sherriff, Mwingereza aliyezaliwa mwaka 1896, maana yeye alitunga mchezo wa kuigiza kwa maneno madogo kama hayo.

Alikuwa karani wa ofisi ya bima. Katika Vita Kuu ya kwanza akawa ofisa wa kikosi cha East Surrey, na mwaka 1917 akajeruhiwa huko Passchendaele, katika Ubelgiji. Vita vilipokwisha akarudi kwenye meza yake ya ukarani. Akaanza kuandika michezo, si kwa kutafuta sifa, ila kukipatia fedha chama chake cha kupiga makasia. Huu tunaousema, Journey's End, yaani Mwisho wa Safari, ulionyeshwa mara ya kwanza London, Desemba 1928.

Mambo yake yote hutokea ndani ya handaki moja la maofisa karibu na Saint-Quentin, Ufaransa, mwezi wa Machi 1918, Wajerumani wakingojewa washambulie. Mkubwa wao, Stanhope, ni kijana aliyekaa vitani miaka mitatu. Shujaa kweli, lakini hawezi kushika zamu pasipo wiski. Mara aja Raleigh, mvulana aliyetoka shule juzi, ambaye tangu utoto humheshimu mno Stanhope; na dada yake ndiye amngojaye Stanhope kwao. Basi Stanhope aiogopa barua atakayoandika mtoto huyu kuliko risasi. Ainyang'anya, isomwapo, hamna ndani yake ila sifa zake mwenyewe. Sisi twaona hapo ndipo penye jeraha lenyewe.

Yuko na Osborne, mwalimu wa shule, mtu mzima mpole. Aamriwa kwenda kumkamata adui mchana kweupe. Aacha saa yake, na pete, na barua ya kupelekewa mkewe, kisha akaa na Raleigh wakizungumza habari za misitu ya Uingereza. Harudi tena. Usiku ule wenziwe wala kuku na kunywa mvinyo. Raleigh akataa kula pamoja nao. Ndipo Stanhope amfokea kwamba anywa ili asahau.

Wenye majumba ya michezo waliukataa kwanza kwa kuwa hamna mwanamke ndani yake. Lakini kuanzia Januari 1929 ulionyeshwa London mara karibu 600. Mwongozaji wake, James Whale, naye alikuwa ofisa vitani, akatekwa na Wajerumani.

Vita hivyo vilifika na kwetu, na wapagazi walikufa kwa maelfu. Jina la Kariakoo, Dar es Salaam, latokana na kikosi chao. Walimu wapendao kuigiza na vijana wao habari za wazee hao wajue ya kuwa Bwana Sherriff hakuhitaji vyombo vingi: meza, kitanda, masanduku ya kukalia, na mishumaa.