Benzi ya Dereva wa Taksi

Benzi ikiingia gereji, wengi hukimbilia mbele kuitazama nyota. Mimi huzunguka nyuma nikasoma maandishi ya kwenye buti. Kwa miaka mingi Wajerumani wa Stuttgart waliandika pale wasifu mzima wa gari, na ukijua kuusoma huna haja ya kufungua boneti. 240 D: injini ya lita 2.4, inakula dizeli. 280 E: lita 2.8, petroli inayopulizwa kwa nozeli badala ya kupita kwenye kabureta. S ikitangulia E, hilo ni gari la wakubwa. L ikiongezwa, bodi imerefushwa ili abiria wa nyuma anyooshe miguu. Mara mojamoja mpango huo ulivunjwa. 190 E ya mwaka 1982 ilikuwa na injini ya lita 2.0, lakini namba 200 ilikuwa imeshachukuliwa na saluni kubwa kuliko yeye, basi mdogo akapewa 190.

Nimeshika spana kwenye magari haya tangu nikiwa kijana wa kuosha vyuma vya injini pale Gerezani, Dar es Salaam, na jambo moja limenikaa moyoni: historia ya chapa hii husimuliwa kuanzia juu. Husimuliwa kwa marais, maharusi na matajiri. Huku kwetu Afrika Mashariki, baada ya uhuru, wakubwa waliopanda magari haya waliitwa Wabenzi, na picha hiyo haijafutika. Lakini ukitafuta ni gari gani hasa lililoifanya dunia iiamini nyota ile, utakuta ni saluni ya kawaida ya dizeli, gari la dereva wa taksi anayelala saa chache na kuamka kuliwasha tena. Hiyo ndiyo Benzi ninayotaka kuieleza.

Tarehe 29 Januari 1886, Carl Benz wa mji wa Mannheim aliomba hataza ya gari la magurudumu matatu, lenye injini ya silinda moja isiyofikia hata nguvu ya farasi mmoja. Wanunuzi hawakujitokeza. Agosti 1888 mkewe, Bertha, bila kumwambia mumewe, aliwachukua wanawe wawili, Eugen na Richard, akaondoka na gari asubuhi na mapema kwenda kwa mama yake Pforzheim, safari ya zaidi ya kilomita 100. Mafuta yalipopungua alinunua ligroini kwenye duka la dawa la Wiesloch, maana huko ndiko ilikouzwa, kama dawa ya kuondolea madoa. Bomba la mafuta likaziba, akalizibua kwa pini ya kofia yake. Waya ukachubuka, akauzungushia mpira wa kushikilia soksi. Breki zikalika, akamwendea fundi viatu azivike ngozi. Kwenye vilima vijana walishuka wakasukuma, na aliporudi nyumbani alitaka gari liongezewe gia ya kupandia mlima. Fundi wa kwanza wa barabarani alikuwa mwanamke. Laiti kisa hiki kingebandikwa ukutani kwenye kila chuo cha ufundi hapa nchini, maana wasichana bado ni wachache mno gerejini na hakuna sababu ya maana iliyowazuia.

Mwaka uleule wa 1886, Gottlieb Daimler na Wilhelm Maybach, huko Cannstatt, walitia injini yao kwenye gari la kukokotwa na farasi. Jina Mercedes lilikuja baadaye, na lililetwa na mteja. Emil Jellinek, mfanyabiashara aliyekuwa akiishi Nice, aliagiza magari 36 kwa mkupuo mwaka 1900 na akataka yaitwe kwa jina la binti yake. Gari alilolisanifu Maybach lilikuwa refu, lililoinama karibu na ardhi, injini mbele. Kwa mara ya kwanza gari likaacha kufanana na kigari cha farasi. Kampuni ya Daimler na ya Benz, zilizokuwa zikishindana, ziliungana mwaka 1926 katika uchumi mgumu wa Ujerumani baada ya Vita Kuu ya Kwanza, na nyota ya Daimler ikazungushiwa taji la majani ya Benz.

Kuanzia hapo vitabu vingi huenda moja kwa moja kwenye magari ya kupendeza ya mwishoni mwa miaka ya 1920 na ya miaka ya 1930, SSK na 540 K. Ni mazuri, sibishi. Ila gari lililobeba mustakabali wa kampuni lilioneshwa Berlin mwaka 1936, nalo ni 260 D, la kwanza la abiria kuundwa kiwandani kwa wingi likiwa na injini ya dizeli. Lita 2.6, nguvu ya farasi 45, pampu ya Bosch. Yale ya mwanzo yalitengenezwa mahsusi kwa taksi, yenye nafasi ya watu sita. Dereva wa taksi hununua mafuta kila siku kutoka mfukoni mwake, kwa hiyo ndiye aliyeielewa dizeli kabla ya mtu mwingine yeyote.

Miaka iliyofuata haifai kurukwa kwa heshima ya bodi zinazong'aa. Hitler alipanda Mercedes 770 mbele ya umati, na viwanda vya kampuni vikageuzwa vya kutengeneza zana za vita. Kufikia mwaka 1944 karibu nusu ya watu waliokuwa wakifanya kazi humo walikuwa wafanyakazi wa kulazimishwa, mateka wa vita na wafungwa wa kambi za mateso. Kampuni yenyewe imekiri hayo katika historia yake. Yeyote anayependa magari haya anapaswa kuyajua, kama anavyojua ukubwa wa injini.

Mabomu yalipokwisha, kilichorudi kwanza kiwandani kilikuwa gari la kazi: 170 V ya kabla ya vita, ikianza na magari ya mizigo na ya wagonjwa. Mwaka 1949 ikaja 170 D ya dizeli. Mwaka 1953 ikazinduliwa 180, ya kwanza ambayo bodi na chasi viliungwa kuwa kitu kimoja, na dizeli yake ikafuata mwaka uliofuata. Mwaka 1954 huohuo dunia ilikuwa ikishangaa huko New York mbele ya 300 SL, ile yenye milango inayofunguka kwenda juu. Milango ile haikuwa mapambo. Fremu ya mabomba ilipita juu sana ubavuni, mlango wa kawaida usingepata pa kukaa, basi wakaziweka bawaba zake kwenye paa.

Nikiulizwa ni mtu gani wa kampuni hii aliyeokoa maisha ya watu wengi zaidi, nitamtaja Béla Barényi, mhandisi wa Austria ambaye wanunuzi wengi hawajapata kumsikia. Zamani iliaminika kwamba gari salama ni lile gumu kila mahali. Barényi alisema hapana: chumba cha abiria kiwe kigumu, lakini pua na mkia vikunjike, ili nguvu ya pigo imalizikie kwenye bati kabla ya kuwafikia watu. Fikra hiyo aliiombea hataza mwaka 1951, na ikaingia kamili kwenye saluni za mwaka 1959, zile zenye mapezi madogo nyuma. Mimi huletewa magari yaliyogongana, nami huanza kwa kujaribu milango. Pua imekunjika hadi kwenye ukuta wa injini, na milango inafunguka: hapo najua kwamba Barényi alifanya kazi yake.

Kuhusu 600 ya mwaka 1963 nitasema machache. Injini lita 6.3, vioo na viti vikisogezwa kwa haidroliki badala ya mota za umeme ili pasisikike mlio, na hadi mwaka 1981 yalitengenezwa 2,677 tu. Tito wa Yugoslavia alikuwa nalo, Papa Paulo wa Sita alipewa lake. Ni kazi ya mikono iliyotukuka. Lakini sifa ya chapa haijengwi na magari 2,677.

Ilijengwa na yaliyofuata. Mwaka 1968 ilitoka familia ambayo mafundi huiita W115, pamoja na pacha wake W114 mwenye silinda sita. Huko Thesaloniki, Ugiriki, dereva wa taksi Gregorios Sachinidis alikuwa na 240 D ya mwaka 1976. Aliiendesha mpaka ikafikisha kilomita milioni 4.6, akiwa na injini za akiba alizozibadilisha kwa zamu, na mwaka 2004 akaikabidhi kwa jumba la makumbusho la kampuni. Nilipoiona picha yake niliitazama kwa muda mrefu. Kila fundi anajua gharama ya kilomita hizo: mafuta ya injini yaliyobadilishwa kwa wakati, vali zilizopimwa, bolti zilizokazwa na mtu asiye na haraka.

Halafu ikaja W123, iliyoundwa kati ya mwisho wa 1975 na Januari 1986, karibu magari milioni 2.7. Hapa naomba nikae. Wateja Ujerumani walisubiri zamu kwa muda mrefu, hata gari lililotumika mwaka mmoja likauzwa kwa bei inayokaribia ya jipya. Taksi za Ujerumani, zilizopakwa rangi ya pembe ya ndovu kwa amri ya sheria, zilikuwa kwa sehemu kubwa gari hili. Moroko, 240 D zilibeba abiria sita kati ya mji na mji kwa miongo kadhaa.

Ukifungua boneti ya 240 D utaelewa sababu. Kuna nafasi ya mkono kuingia na spana kuzunguka. Shafti ya vali inavutwa na cheni ya chuma, wala si mkanda wa mpira unaokatika ghafla. Nguvu yake ni farasi 65 kwa zile za mwanzo, na kupanda nayo mlima kunataka subira, lakini injini isiyokamuliwa haichoki upesi. Hata namna ya kuizima ina akili. Ukigeuza ufunguo, mvuto wa hewa hufunga pampu ya dizeli. Mvuto huohuo, kwenye magari yenye kufuli za pamoja, ndio unaofunga milango yote kwa mara moja. Kwa hiyo mpira mdogo ukizeeka ndani ya mlango wa nyuma, injini inaweza kukataa kuzimika ingawa ufunguo uko mkononi. Fundi asiyejua ataanza kufungua pampu. Anayejua atakandamiza kishikio cha kuzimia kilichopo kwenye injini, kisha aende kutafuta mlangoni. Kila wazo kwenye gari hili lina njia ambayo mtu anaweza kuifuata kwa jicho na kidole, na kijana anayejifunzia hapa hujifunza kufikiri.

Miaka ya 1980 iliendelea kwa mwendo huo. W126, gari la wakubwa la mwaka 1979, ndilo la kwanza la kampuni kuwa na mfuko wa hewa wa dereva, kama vile mtangulizi wake alivyoleta breki zisizogandisha matairi mwaka 1978. Ile 190 niliyoitaja ilileta mfumo wa nyuma wa vyuma vitano kila upande, unaolishika tairi lisiyumbe kwenye kona. Mwaka 1984 kijana wa Brazili, Ayrton Senna, aliiendesha kwenye uwanja wa mbio wa Nürburgring akawashinda madereva wenye majina makubwa. Mwaka huohuo ikaja W124, na waiper yake moja inayonyooka na kurudi ili ifikie kona za kioo. Kwangu mimi hapo ndipo kilele kilipo. Gari jepesi kuliko linavyoonekana, linalokata upepo kimya, na bado fundi wa kawaida analiweza.

Baada ya hapo naona mkono mwingine ukishika kalamu. W140 ya mwaka 1991, yenye vioo vya tabaka mbili, ilizidi tani mbili kwenye matoleo yake makubwa, na ilipotoka tayari Lexus ya Japani ilikuwa imeonesha utulivu kama huo kwa bei ndogo. Hesabu za gharama zikaanza kutangulia. Saluni ya kati ya mwaka 1995, yenye taa nne za duara, ilijulikana sana kwa kutu. Mwaka 1997 A-Class, gari dogo, ilipinduka Uswidi katika jaribio la kukwepa kizuizi cha ghafla. Kwa hili kampuni inastahili sifa, kwani iliyarudisha magari na kuyafunga yote mfumo wa kompyuta unaozuia gari kuteleza, kifaa kilichokuwa cha magari ya bei kubwa. Ndoa na Chrysler ya Marekani ilifungwa 1998, ikavunjika 2007. Siku hizi hata namba ya kwenye buti haisemi tena ukubwa wa injini: C 63 ya mwaka 2022 ina lita 2.0 na msaada wa umeme, na EQS ya mwaka 2021 haina injini ya mafuta kabisa. Sina ugomvi na umeme. Ninachodai ni gari ambalo dereva wa taksi anaweza kulitegemea mwaka wa ishirini, na fundi wa mtaani kulifungua bila kuomba ruhusa ya kompyuta ya mbali.

Kwa mwenye W123 au W124 ya baba yake iliyofunikwa turubai uani, kuna habari njema. Tangu 1993 kampuni ina kituo Fellbach, karibu na Stuttgart, kinachoshughulikia magari ya zamani, na spea nyingi bado zinatengenezwa na kuagizwa, pamoja na zile za watengenezaji wengine wa Ujerumani. Andika namba ya chasi kabla ya kuagiza chochote, kwa sababu magari mawili ya mwaka mmoja yanaweza kutofautiana pampu. Safisha tangi kabla ya kugusa nozeli. Kisha pima kunyooka kwa cheni kwa kulinganisha alama za shafti ya vali na za kranki. Kama imelegea, badilisha cheni na reli zake kabla hujajaribu kuwasha.