Mali bila Daftari: Jinsi Michezo ya Kompyuta Inavyopotea Maktabani na Inavyorejeshwa

Mtu ana michezo 60 katika maktaba yake ya michezo ya kompyuta, aliyoikusanya kwa miaka kumi kwa kununua mmoja mmoja. Jioni moja anaifungua maktaba hiyo na kukuta michezo 35 tu. Hakufuta kitu, wala hakuna mtu mwingine aliyeigusa kompyuta yake. Aghalabu mtu wa namna hiyo huchukua hatua iliyo karibu naye: huiondoa programu nzima ya maktaba na kuiweka upya, akitumaini kwamba kila kitu kitarudi mahali pake. Mara nyingi hatua hiyo ndiyo inayogeuza hitilafu ndogo kuwa hasara ya kweli.

Methali isemayo kwamba mali bila daftari hupotea bila habari inaeleza vizuri jambo lililotokea. Katika mikasa mingi ya aina hii mali yenyewe ingalipo; kilichoharibika ni daftari. Lakini iko mikasa mingine ambamo daftari ni zima na mali ipo, ila kilichoondoka ni haki ya kuitumia. Dawa ya mkasa mmoja haiponyi mwingine. Kwa hiyo, kabla ya kuanza kutafuta, hapana budi kujua ni kitu gani hasa kilichopotea.

Maktaba yenye sehemu tatu

Mfano ulio bora ni maktaba ya Steam, ambayo ni mali ya kampuni ya Valve ya Marekani. Kampuni hiyo iliundwa mwaka 1996, na huduma ya Steam ilifunguliwa kwa umma tarehe 12 Septemba, 2003. Mwezi Novemba, 2004, Valve ilitoa mchezo wa Half-Life 2. Hata mnunuzi aliyeuchukua dukani ukiwa ndani ya sanduku alilazimika kuusajili kwa Steam kwa njia ya intaneti ndipo aweze kuucheza. Tangu hapo sanduku likaanza kugeuka kuwa kama tiketi, na bidhaa yenyewe ikahamia kwenye kompyuta kuu za muuzaji, yaani seva.

Maktaba ya namna hii ina sehemu tatu. Sehemu ya kwanza ni leseni, yaani kumbukumbu iliyohifadhiwa katika seva za muuzaji kwamba mwenye akaunti fulani ameruhusiwa kuutumia mchezo fulani. Sehemu ya pili ni daftari, yaani mafaili madogo yaliyomo katika kompyuta ya mchezaji, yanayoeleza ni mchezo upi umewekwa na umewekwa wapi. Sehemu ya tatu ni mchezo wenyewe: mafaili makubwa ya picha, sauti na maagizo, ambayo hukalia sehemu kubwa ya diski. Katika maktaba ya vitabu, sehemu hizo zingelingana na kitambulisho cha uanachama, kadi za orodha, na vitabu vilivyo rafuni.

Mchezo ukitoweka machoni, mojawapo ya sehemu hizo tatu imeguswa. Njia ya kwanza ya kupima haihitaji utaalamu wowote. Mchezaji huingia katika akaunti yake kwa kutumia kompyuta nyingine, au kwa kivinjari cha intaneti, na kuitazama orodha ya manunuzi yake. Mchezo ukiwa umo, leseni ni salama na tatizo liko nyumbani. Usipokuwamo, yafaa kuhakikisha kwanza kwamba akaunti iliyofunguliwa ndiyo ile iliyonunuliwa mchezo, kwani watu wengi wana akaunti mbili na wameisahau moja. Kadhalika, Steam inamruhusu mchezaji kuficha michezo, au kuonyesha tu ile iliyowekwa katika kompyuta. Wapo watu waliosumbuka siku nzima kwa sababu ya alama moja iliyobonyezwa bila kukusudia.

Daftari linapokosewa

Katika diski ya mchezaji, Steam huhifadhi vitu vyake ndani ya folda iitwayo steamapps. Humo mna folda nyingine iitwayo common, ambamo kila mchezo una chumba chake. Nje ya vyumba hivyo, kila mchezo una faili dogo la maandishi ambalo jina lake huanza kwa neno appmanifest na kufuatiwa na namba ya mchezo. Namba ya Half-Life 2, kwa mfano, ni 220, na ya mchezo wa Portal ni 400. Faili hilo ndilo kadi ya orodha: linataja jina la mchezo, folda yake, ukubwa wake na hali yake. Liko pia faili la libraryfolders, ambalo huorodhesha folda zote za maktaba zilizomo katika diski mbalimbali za kompyuta hiyo.

Ni rahisi kuona jinsi udhaifu unavyoingia. Mchezo wa gigabaiti 40 hutegemea kadi ndogo mno ya maandishi ili uonekane. Umeme ukikatika wakati kadi hiyo inaandikwa, inaweza kuharibika, na mchezo ukahesabiwa kwamba haupo ingawa mafaili yake yote yametulia rafuni.

Sababu nyingine iliyo ya kawaida ni diski ya nje. Mfumo wa Windows hutambua diski kwa herufi. Diski iliyoitwa E jana inaweza kupewa herufi F leo, kwa kuwa kifaa kingine kimechomekwa kabla yake. Daftari lingali linasema kwamba michezo 25 iko katika diski E. Programu inabisha hodi huko, haipati mtu, na michezo yote 25 inatoweka kwa pamoja. Idadi kubwa inapotoweka kwa mara moja, basi, aghalabu si michezo iliyopotea bali ni njia ya kuifikia. Mchezaji huirudishia diski herufi yake ya zamani, ama huieleza Steam mahali folda ya maktaba ilipo sasa, na michezo hurudi.

Ikiwa kadi ya mchezo mmoja ndiyo iliyoharibika, mchezaji huagiza mchezo huo uwekwe upya, akichagua folda ileile ulimokuwamo. Jambo hili huwatia watu wasiwasi kwa sababu linafanana na kupakua kila kitu tangu mwanzo. La hasha. Kabla ya kupakua, Steam hukagua kilichomo katika folda hiyo, na ukaguzi huo wafaa kuelezwa.

Mhuri wa tarakimu

Mafaili ya mchezo hukatwa katika vipande vya takriban megabaiti 1 kila kimoja. Kila kipande hupitishwa katika hesabu maalumu ambayo hutoa namba ndefu, mfano wa mhuri. Vipande viwili vinavyolingana hutoa mhuri mmoja. Kipande kikibadilika hata kwa tarakimu moja, mhuri wake hugeuka kabisa. Seva ya muuzaji ina orodha ya mihuri ya mchezo mzima. Kompyuta ya mchezaji hukokotoa mihuri ya vipande vilivyomo katika diski na kuilinganisha na orodha hiyo. Vinavyolingana huachwa kama vilivyo, na visivyolingana ndivyo vinavyopakuliwa.

Mchezo wa gigabaiti 40 una vipande vipatavyo 40,000. Ikiwa vilivyoharibika ni 12, kitakachopakuliwa hakizidi megabaiti 12 hivi. Faida yake inaonekana kwa hesabu nyepesi. Mchezo wa gigabaiti 100 una megabiti 800,000. Kwa mwendo wa megabiti 10 kwa sekunde, mchezo huo hupakuliwa kwa sekunde 80,000, yaani zaidi ya saa 22. Kwa mtu wa Dar es Salaam au Mombasa anayenunua intaneti kwa vifurushi, tofauti iliyopo kati ya kukagua na kupakua upya ni fedha nyingi.

Hapa ndipo unapoonekana ubaya wa ile hatua ya kuondoa programu nzima. Kuiondoa Steam kwa njia ya kawaida hufuta pamoja nayo michezo iliyomo katika folda yake, isipokuwa folda ya steamapps iwe imehamishiwa mahali pengine kwanza. Mtu aliyepotewa na kadi 25 huwa amechoma rafu yote kwa mkono wake.

Kilichofutwa kweli

Mchezo wenyewe ukifutwa unaweza kupakuliwa tena maadamu leseni ipo. Kisichoweza kununuliwa tena ni kumbukumbu za mchezaji: hatua alizofikia, miji aliyoijenga, saa zake 200 za subira. Kumbukumbu hizo aghalabu hukaa mbali na mchezo, katika folda za hati za mtumiaji, ingawa baadhi ya michezo huziweka ndani ya folda yake yenyewe. Kwa sababu hiyo, kuifuta folda ya mchezo kwa mkono bila kuikagua ni hatari.

Je, faili lililofutwa laweza kurudi? Jawabu hutegemea aina ya diski. Katika diski ya zamani yenye sahani za sumaku, kufuta hakumaanishi kusugua. Mfumo huandika tu katika jedwali lake kwamba nafasi hiyo sasa ni huru, na data yenyewe hubaki mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake. Programu za uokoaji zinaweza kuisoma. Sharti lake ni moja: mtumiaji aache mara moja kuandika chochote katika diski hiyo, hata programu ya uokoaji yenyewe isiwekwe humo.

Diski za SSD, zisizo na sahani inayozunguka, zina tabia nyingine. Faili likifutwa, mfumo wa kompyuta kwa kawaida huiarifu diski kwamba nafasi hiyo haitumiki tena, nayo diski huisafisha kwa wakati wake ili iwe tayari kwa maandishi mapya. Agizo hilo huitwa TRIM. Limeongeza kasi ya diski, lakini limepunguza mno matumaini ya kuokoa kilichofutwa.

Tangu mwaka 2008 Steam ina huduma ya kuhifadhi kumbukumbu za wachezaji katika seva, kwa michezo ile iliyotengenezwa kuitumia. Nakala ya nyumbani na ile ya seva zikitofautiana, programu humwuliza mchezaji ni ipi ibaki. Ni vyema kutazama tarehe zake kwa makini kabla ya kujibu, kwani kubonyeza kwa haraka kunaweza kufunika miezi ya kazi kwa nakala tupu.

Haki inapoondoka

Imebaki sehemu ya leseni, nayo haina fundi. Yapo mambo mawili yanayochanganywa. La kwanza ni mchezo kuondolewa sokoni: haununuliwi tena, lakini kwa kawaida walioununua zamani huendelea kuupakua. La pili ni mchezo kuzimwa. Mchezo wa magari uitwao The Crew ulitolewa na kampuni ya Ubisoft ya Ufaransa mwaka 2014, nao haukuweza kuchezwa bila seva za kampuni. Uliondolewa sokoni Desemba, 2023, na seva zake zikazimwa tarehe 31 Machi, 2024. Baadaye leseni nazo zikafutwa katika akaunti za wanunuzi. Mafaili yaliyosalia katika diski zao yakawa kama redio nzima katika nchi isiyo na kituo cha utangazaji.

Tukio hilo lilizusha mjadala mkubwa. Katika jimbo la California iliwekwa sheria, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari, 2025, inayomzuia muuzaji kutumia neno "nunua" kwa bidhaa ya kidijitali bila kumweleza mteja waziwazi kwamba anachopewa ni leseni. Huko Ulaya, ombi la raia la kutaka michezo iachwe katika hali ya kuchezeka baada ya huduma kusitishwa lilipata saini zaidi ya milioni 1 kufikia Julai, 2025.

Uzito wa jambo hili unapita burudani. Uchunguzi uliochapishwa Julai, 2023, na taasisi ya Video Game History Foundation ulionyesha kwamba asilimia 87 ya michezo iliyotolewa Marekani kabla ya mwaka 2010 haipatikani tena sokoni. Wapo wauzaji waliochukua njia tofauti. Duka la GOG, lililoanzishwa mwaka 2008 na kampuni ya CD Projekt ya Poland, huuza michezo isiyo na kufuli ya kidijitali, na mnunuzi anaweza kuhifadhi faili la kuwekea mchezo na kulitumia hata duka lenyewe lisipokuwapo. Hapo leseni, daftari na mali vimo nyumbani mwa mnunuzi.

Utaratibu wa kufuata

Kwa muhtasari, mtu aliyepotewa na michezo na aanze kwa kutofuta chochote. Akague akaunti na orodha ya manunuzi, kisha michezo iliyofichwa, kisha herufi za diski na mahali pa folda. Anakili kumbukumbu zake katika diski nyingine kabla ya kujaribu jambo lolote kubwa. Ndipo aagize ukaguzi wa mafaili, na kupakua kuwe hatua ya mwisho.

Aidha, kabla ya maafa kutokea, ni busara kuhakikisha kwamba anwani ya baruapepe iliyofungulia akaunti ingali inafanya kazi, kwani ndiyo inayotumika kuirudisha akaunti iliyosahauliwa. Na orodha ya michezo aliyonayo mtu, mahali kila mmoja ulipo na mahali kumbukumbu zake zinapohifadhiwa, yaweza kuandikwa katika ukurasa mmoja wa daftari la karatasi na kuwekwa kando ya kompyuta.