Kigoma: Taa ya bei rahisi, usiku wa bei ghali

Jua likishazama nyuma ya milima ya Kongo, barabara ya kutoka Kigoma Mjini kwenda Ujiji huwa na baiskeli nyingi kuliko taa za baiskeli. Mwenye gunia la mkaa amefunga tochi kwenye usukani kwa kipande cha tyubu. Mwenye madumu ya mawese amevaa taa kichwani kama mchimba dhahabu. Wa tatu hana kitu. Anasubiri bodaboda itokee nyuma yake, aazime mwanga wake mpaka impite. Taa iliyotengenezwa kwa ajili ya baiskeli, yenye kishikio chake mbele na jicho jekundu nyuma, utaisubiri sana.

Jibu la haraka ni umaskini, lakini halitoshi. Maduka ya eneo la Mwanga na ya Kigoma Mjini yamejaa taa: za kichwani, za mkononi, za kuchajiwa kwa jua, zenye redio, zenye king'ora, na za pikipiki ambazo fundi hodari huzifunga hata kwenye baiskeli. Mwanga haujawahi kuwa mwingi na rahisi hivi katika mji huu. Ila mwendesha baiskeli ndiye anayepata ule mbovu kuliko wote, na sababu iko kwenye namna bei yake inavyopangwa, kuanzia Uchina hadi ziwani.

Wazee wa baiskeli wanaikumbuka dainamo. Raleigh ya Mwingereza, Phoenix ya Shanghai na Swala ya NABICO, iliyotengenezwa hapa hapa nchini, zote zilifungwa kile kichupa cha chuma kinachosuguana na tairi. Kilitoa umeme wa volti 6 na wati 3: wati 2.4 kwa taa ya mbele, 0.6 kwa ya nyuma. Hakikuhitaji betri wala chaji. Kasoro zake kila mtu alizijua. Ukisimama, taa inazima. Ukipanda mlima na mzigo, unausikia msuguano wake mapajani na mwanga unafifia wakati unapouhitaji. Ukiteremka kasi, umeme unazidi. Balbu moja ikiungua, nyingine inabebeshwa umeme wote na kuifuata. Balbu zilikuwa ndiyo gharama yenyewe, maana dainamo iliweza kudumu kuliko tairi kadhaa. Ujerumani, nchi inayopenda kanuni, ililazimisha baiskeli za kawaida kuwa na dainamo hadi mwaka 2013, ndipo ikaruhusu taa za betri.

Kigoma haikusubiri sheria. Dainamo iliondolewa na taa za LED, ambazo kwa wati ileile hutoa mwanga mara kadhaa ya balbu ya waya. Wanasayansi watatu wazaliwa wa Japani, Akasaki, Amano na Nakamura, walipewa Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 2014 kwa LED ya rangi ya bluu, kazi waliyoikamilisha miaka ya tisini na ndiyo iliyowezesha mwanga mweupe. Kuanzia hapo bei ya mwanga ikaanza kuporomoka mwaka hadi mwaka. Kile kijicho cha LED sasa ni sehemu ndogo sana ya bei ya taa. Kinachogharimu ni betri, gamba, swichi, na safari.

Mteja mkubwa wa mwanga huu hapa kwetu, hata hivyo, hapandi baiskeli. Yuko majini.

Uvuvi wa dagaa wa Tanganyika ni kazi ya usiku wa giza. Taa inawashwa juu ya maji, vijidudu vinavyoliwa na dagaa vinasogea, dagaa wanavifuata, na nyavu zinapandishwa kutoka chini. Enzi za mababu mwanga ulikuwa moto wa kuni. Baadaye ikaja karabai, ile ya kujaza upepo kwa pampu, yenye kisoksi cheupe kinachong'aa. Karabai ilikuwa na mwanga mzuri na tumbo kubwa: mafuta ya taa kila usiku, visoksi vinavyopasuka kwa mtikisiko tu, na kioo kinacholia mvua ikikigusa kikiwa cha moto.

Kisha bajeti ya mwaka 2011 ikaingilia. Serikali ilikuwa inapambana na uchakachuaji, yaani wafanyabiashara kuchanganya mafuta ya taa, yaliyokuwa na kodi ndogo, ndani ya dizeli. Dawa ikawa kupandisha ushuru wa bidhaa kwenye mafuta ya taa kutoka shilingi 52 hadi shilingi 400.30 kwa lita, ili pasiwe na faida ya kuchanganya. Mpango ulilenga vituo vya mafuta, lakini kipigo kiliwafika pia watu wa Katonga, Kibirizi na vijiji vyote vya mwambao ambao hawakuwa na dizeli ya kuchakachua. Kwa maoni yangu hakuna kampeni ya nishati safi iliyoiua karabai ziwani kama kifungu kile cha sheria ya fedha. Mvuvi aliyekuwa akizitazama taa za LED kwa mashaka alilazimika kupiga hesabu upya.

Hesabu ya mvuvi ni ya usiku. Mwezi ukiwa mpevu dagaa hawavutwi na taa, vyombo vinapumzika. Giza likirudi kazi inaanza. Anajua ana siku ngapi za giza, anajua taa inatakiwa iwake saa ngapi, anajua ikizima saa nane usiku amepoteza nini. Kwa hiyo taa ya bei mbili inayodumu misimu miwili kwake ni rahisi kuliko taa ya bei moja inayokufa wiki ya tatu. Hununua kwa chombo kizima, taa nyingi pamoja na betri ya gari au ya pikipiki, na hurudi dukani kwa ukali mzigo ukiwa feki. Muuza duka anamheshimu.

Mwendesha baiskeli hununua taa siku giza limemkuta. Ananunua moja. Akiuliza, "Mjomba, hii orijino?" atajibiwa ndiyo, na wote wawili wanajua thamani ya jibu hilo. Ikifa, hatairudisha, maana nauli ya kurudi Mwanga kutoka vijiji vya Kalinzi au Mahembe inaweza kuzidi bei yake. Soko limemsoma vizuri. Linamuuzia taa rahisi na usiku ghali, kwa kuwa bei ya kweli ya taa ni fedha uliyotoa ukiigawa kwa usiku iliowaka.

Tupande sasa juu ya mnyororo wa bei. Chukua mfano wa hesabu tu, si bei ya duka lolote. Taa imefika bandari ya Dar es Salaam, na ununuzi, bima na meli jumla ni shilingi 1,000. Ushuru wa pamoja wa forodha wa Jumuiya ya Afrika Mashariki (EAC) kwa kawaida hutoza bidhaa iliyokamilika asilimia 25, hivyo ongeza 250. Tozo ya maendeleo ya reli, iliyoanza mwaka 2015 kwa asilimia 1.5, ni 15. VAT ya asilimia 18 juu ya jumla hiyo ni karibu 228. Tumekaribia shilingi 1,500 na taa haijatoka getini. Bado faida ya mwagizaji, ya muuza jumla wa Kariakoo, gari la kuelekea magharibi, muuza jumla wa Kigoma, na duka la mwisho. Taa yenyewe ni nyepesi. Usafiri wake wa reli au lori kwa kilometa zipatazo 1,250 si mkubwa ukigawanywa kwa boksi zima. Kinachoirefusha bei ni mikono, kila mkono ukiwa na kodi ya fremu na mkopo wa kulipa.

Taa ya sola imepita mlango mwingine. Sheria ya forodha ya EAC ya mwaka 2004 inasamehe vifaa maalumu vya kuzalisha umeme wa jua, na nafuu hiyo ndiyo iliyosaidia kuzijaza taa za sola vijijini. Kipande kidogo cha paneli mgongoni mwa taa kinaweza basi kuwa na thamani kubwa zaidi kwenye karatasi za forodha kuliko juani. Nimeona taa ambazo paneli yake ni ndogo kiasi kwamba ingehitaji jua la siku kadhaa kuijaza betri inayodaiwa kuwamo ndani.

Kuna kichekesho kingine cha makaratasi. Katika orodha ya kimataifa ya forodha taa ya baiskeli ina namba yake, 8512.10. Tochi inayobeba betri yake ina namba nyingine, 8513. Sasa kama Kigoma nzima inaendesha baiskeli kwa tochi, mtaalamu atakayepima soko la taa za baiskeli kwa namba ya kwanza ataandika kwamba watu wetu hawasafiri usiku.

Dola nayo ina mkono wake. Kwa miaka kadhaa ilikaa karibu shilingi 2,300, wafanyabiashara wakazoea. Mwaka 2023 ikawa adimu, na katikati ya 2024 ilikuwa imepita 2,600. Kabla ya hapo meli zilikuwa zimeshatutia adabu: kontena la futi 40 lililokuwa chini ya dola 2,000 katika wastani wa njia kuu za dunia mwaka 2019 lilifika zaidi ya dola 10,000 Septemba 2021. Wakati huohuo Ulaya na Marekani walikuwa wamekimbilia baiskeli kwa sababu ya Uviko, viwanda vikazidiwa; kufikia 2023 maghala yao yalikuwa yamefurika na bidhaa zikiuzwa kwa punguzo. Punguzo lile halikufika Kigoma. Zilikuwa taa za daraja jingine, zenye bei ambayo hata ikikatwa nusu inabaki nje ya mfuko wetu. Waagizaji wetu huenda Guangzhou na Yiwu, huchangia kontena, na huchagua kwa swali moja: itauzwa bei gani rejareja? Kiwanda kinatengeneza kurudi nyuma kutoka kwenye jibu hilo, na sehemu ya kwanza kupunguzwa ni betri.

Hapo ndipo uhuni unapokaa. Betri ya lithiamu ya duara, milimita 18 kwa 65, ambayo mafundi wameizoea kutoka kwenye kompyuta mpakato, hata ikiwa bora kabisa hubeba takribani milliamp-saa 3,500. Ukiona imeandikwa 9,900, usibishane na muuzaji. Maandishi hayo yalichapwa mbali sana na yeye. Nyingine ndani ni kiini kidogo au kilichotumika, kimevikwa plastiki mpya. Na ajabu ni kwamba betri halisi ya lithiamu imeshuka bei kupindukia: wastani wa pakiti ya betri duniani ulikuwa zaidi ya dola 1,000 kwa kilowati-saa mwaka 2010, na mwaka 2024 ulikuwa kama dola 115. Hakuna tena sababu ya gharama ya kumuuzia mtu betri ya uongo. Desemba 2024 Uchina ilipunguza marejesho ya kodi kwa wauzaji wake wa betri nje kutoka asilimia 13 hadi 9, na mabadiliko kama hayo huishia kwenye taa ndogo kabla ya kubwa, kwa kuwa ndizo zisizo na faida ya kuyameza.

Wapo waliobaki na betri kavu, zile za mawe. EAC iliziweka kwenye orodha ya bidhaa nyeti na kuzitoza asilimia 35, kuvilinda viwanda vya kanda. Ukuta huo haukuiokoa Eveready ya Nakuru, iliyofunga kiwanda chake mwaka 2014 ikilalamikia betri za bei chee kutoka nje. Mnunuzi wa Kasulu amebaki akilipia ulinzi wa kiwanda ambacho hakipo.

Ziwa lenyewe huchezea bei. Kigoma huuza Kalemie, Uvira na Bujumbura, na boksi la taa likishuka treni si lazima lilale mjini. Boti za Kibirizi zinaweza kuliondoa. Mnunuzi wa ng'ambo akiwa na dola, duka la mtaani linangoja. Ujiji inaijua biashara hii tangu misafara ya Bagamoyo, wakati shanga za masofi zilipokuwa fedha ya soko na mfanyabiashara aliyefika na shanga za rangi isiyotakiwa alikula hasara ya safari nzima. Na ziwa likifungwa, kama lilivyofungwa kwa uvuvi kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15 mwaka 2024 kwa makubaliano ya nchi nne zinazolizunguka, mteja mkali anaondoka sokoni miezi mitatu. Mwenye duka makini hapo ndipo hununua. Mwenye haraka hupunguza bei apate kodi ya fremu. Mwendesha baiskeli mwenye akiba angeweza kupata taa ya mvuvi kwa bei nzuri kipindi hicho. Wachache wana akiba mwezi Juni.

Watu wanaisubiri reli ya kisasa. Mkataba wa kipande cha Tabora hadi Kigoma, kilometa 506, ulisainiwa Desemba 2022, na mjini kila bei inatarajiwa kushuka treni hiyo ikifika. Kwa saruji na mafuta, labda. Kwa taa nategemea kidogo, maana uzito haukuwa tatizo lake. Faida ninayoiona ni ya marejesho. Leo muuza duka wa Mwanga akipewa boksi lenye taa thelathini mbovu, kulirudisha Kariakoo kunamaliza majuma, na muuza jumla kule ameshafunga kontena jingine na kubadilisha aina. Kwa hiyo halirudishwi. Taa mbovu zinachanganywa na nzima na bei inapangwa ili nzima zilipie mbovu. Boksi likiweza kwenda Dar na kurudi ndani ya juma, mwenye duka ataweza kuandika dhamana ya miezi mitatu kwenye risiti na kuisimamia, na muuza jumla atalazimika kuchagua betri kabla ya kuchagua rangi ya gamba.