Mzazi naye alale: kukosa usingizi si kudeka

Siku ya 19 baada ya dada yangu kujifungua, nilimkuta jikoni amesimama mbele ya jiko linalowaka, sufuria tupu juu yake. Alikuwa analia. Nilipomuuliza kuna nini, alisema hajui. Mtoto alikuwa chumbani, ameshiba, hana homa.

Jirani alisema anadeka. Mimi, ninayeandika habari za afya kila wiki, nusura nikubaliane naye. Kisha nikamuuliza ni lini mara ya mwisho alilala saa tatu mfululizo. Hakukumbuka.

Mtoto mchanga hulala saa 14 hadi 17 kwa siku, lakini kwa vipande, maana huamka kunyonya kila baada ya saa mbili au tatu. Usiku na mchana kwake ni sawa. Mtu mzima anahitaji angalau saa saba, na usingizi unaokatizwa kila mara hauupumzishi ubongo vizuri. Ndiyo maana mzazi husahau, hukasirika haraka na hushindwa kuamua hata jambo dogo.

Huzuni na machozi ya siku za mwanzo huwapata kina mama wengi, na kwa kawaida huisha ndani ya wiki mbili. Yakizidi hapo, nendeni kituo cha afya. Shirika la Afya Duniani linasema katika nchi zinazoendelea karibu mama mmoja kati ya watano hupata tatizo la afya ya akili baada ya kujifungua, hasa sonona.

Angalia hili: mtoto amelala, yupo mtu wa kumwangalia, lakini mama bado hapati usingizi. Na akianza kusikia sauti ambazo wengine hawazisikii, au kufikiria kujidhuru au kumdhuru mtoto, mpelekeni hospitali siku hiyo hiyo. Asiachwe peke yake.

Bibi zetu walimpumzisha mzazi hadi arobaini ipite. Leo wengi tunaishi mbali na mama zetu, hivyo kazi hiyo ni ya baba. Kunyonyesha huwezi, ila kumcheulisha mtoto, kumbadilisha nepi na kumbembeleza unaweza.

Dada tulimpeleka kliniki, maana wiki mbili zilishapita, na anaendelea kuhudhuria. Usiku ule shemeji alimnywesha mtoto kwa kikombe maziwa yaliyokamuliwa. Dada alilala saa nne bila kuamshwa. Asubuhi aliomba uji.